Mume Niliyemkataza Kufa

Jumatatu, 4 Machi
Natafsiri tamthilia ya kigeni ya mapenzi yenye sumu, na ndani yake mimi ndiye sauti ya mume. Mke anampenda dereva wao. Mume anampenda mke kiasi cha kumhesabia pumzi. Leo nimefungua mswada wa sehemu ya kumi na mbili. Mume ananyweshwa sumu! Anakufa! Na bado sehemu ishirini za kulipwa. Mwenye sauti ya dereva, tunayemwita Besi, keshanipa pole. Alisema mauti hayana miadi, mzee. Meno yote nje.

Jumanne, 5 Machi
Lugha ya asili naijua mimi peke yangu studioni. Daktari anasema mume amefariki. Nimeandika, amezirai. Tumerekodi mchana, jioni imerushwa hewani. Besi karudisha meno ndani. Raha iliyoje!

Jumatano, 6 Machi
Sehemu ya kumi na tatu. Jeneza! Sikuwa nimesoma mbele. Mfasiri mwema huenda ukurasa kwa ukurasa. Nimeandika kwamba anayezikwa ni pacha wa mume, na kwamba mume yuko ng'ambo kwa matibabu. Jioni tulitazama nyumbani tukiwa mezani. Mke wangu aliuliza mbona picha juu ya jeneza ina kovu la mume. Nikamjibu kuwa pacha hufanana.
"Hata makovu, Baba Watoto?"
Nikaomba chumvi.

Alhamisi, 7 Machi
Sehemu ya kumi na nne. Mume anapenya ukutani. Ni mzimu! Anamwandama mke hadi mwisho wa tamthilia, tena anasema zaidi kuliko alivyosema alipokuwa hai. Nikakimbilia kwa mkurugenzi wetu, tunayemwita Mama, nikaungama yote. Nikamsihi amrudishe mume kaburini. Akasema watazamaji wamekwisha kumzika pacha, hawazikishwi mara mbili. Basi mzimu ni wa pacha. Nikasema vema, nitamsemea mimi. Akasema sauti yangu iko ng'ambo, inatibiwa. Mzimu amepewa Besi, kwa kuwa anajua kubana pua akabadili sauti. Besi akaniomba nisisahau kuwaandikia barua.

Ijumaa, 8 Machi
Mama amenihurumia. Nimepewa sauti ya daktari, kwa sharti kwamba nisome kwanza miswada yote iliyobaki. Nimesoma kurasa mbili. Katika ukurasa wa pili, daktari anafungwa kwa kuuza ile sumu. Nimeandika kwamba anakwenda gerezani kukagua afya za wafungwa. Kurasa nyingine nitazisoma nikizifikia.