Nani Anampelekea Bosi Hadithi Zangu?

Jumatatu, 3 Machi
Bosi ametangaza kikaoni: msimu mpya wa katuni yetu utakuwa na mkuu mmoja tu wa kuuongoza. Atamtaja wiki ijayo. Nani tena kama si mimi? Familia ile ya kobe nimeizaa mimi, mwandishi wake, kuanzia Baba Kobe hadi kitindamimba wao anayeogopa mvua. Lakini Miwani, mchoraji wetu mkuu, alitabasamu. Ana lake jambo yule! Halafu nilipoanza kusimulia kichekesho changu cha mwavuli, Bosi akakimalizia. Kakijuaje? Kuna mtu anampelekea hadithi zangu kabla sijafungua mdomo. Nilipomweleza mke wangu, akasema kichekesho hicho nimekisimulia kila sherehe, hata siku ya harusi yetu. Naye simwelewi siku hizi.

Jumanne, 4 Machi
Mtego tayari! Nimeandika hadithi ya uongo: Baba Kobe anachoshwa na kelele za watoto, anahama nyumba alfajiri bila kuaga. Katuni ya familia, baba anatoroka! Nimeiacha mezani kwa Miwani, kana kwamba nimeisahau. Ya kweli nimeifungia kwenye droo. Bosi akigusia tu habari za baba kutoroka, nimemkamata Miwani kweupe.

Jumatano, 5 Machi
Kimya. Bosi kanikuta kwenye korido, kaniuliza watoto hawajambo. Kwa nini watoto? Miwani kaniletea chai, sukari vijiko viwili, kama ninavyopenda. Nani kamwambia? Sikuinywa ng'o.

Alhamisi, 6 Machi
Kimenuka! Kwenye katuni sauti hutangulia, michoro hufuata midomo. Sauti ikishaingia, hadithi ndiyo hiyo hiyo. Sasa Miwani kadhani ile karatasi ndiyo hadithi ya wiki, kaipeleka studio mwenyewe asubuhi, eti kunipunguzia kazi. Kunipunguzia! Waigizaji wamerekodi yote. Mzee anayetoa sauti ya Baba Kobe kalia kweli kweli, kisha kapanda ndege kwenda kwa binti yake. Harudi hadi mwezi wa tano. Bosi akaniita, uso mkavu. Akauliza nani kaandika kitu hiki. Nilijikaza kisabuni, lakini wapi! Nikaruka kimanga. Nikasema Miwani. Nikaapa na kuapa.

Jumatano, 12 Machi
Bosi kaalika familia kumi kutazama michoro ya kwanza yenye sauti. Nilikaa nyuma, karibu na mlango, tayari kukimbia. Baba Kobe alipofunga mlango wa nyumba yake, mtoto mmoja akamng'ang'ania baba yake, akamuuliza kama naye ataondoka. Baba wa watu akafuta macho. Bosi naye analia! Akasimama, akasema miaka sita yote ya katuni hii hajaona kitu kama hiki. Papo hapo akamtaja Miwani kuwa mkuu. Miwani akakataa katakata, akasema aliyeandika ni mimi. Bosi akamjibu kwamba mimi mwenyewe nimeapa, kisha akausifu unyenyekevu wake. Unyenyekevu! Nikapiga makofi na wenzangu. Moyo uliniuma, jamani. Ile ndiyo hadithi nzuri kuliko zote nilizowahi kuandika, na niliiandika kwa dakika arobaini, huku nacheka.

Jumapili, 16 Machi
Miwani kaja nyumbani. Anataka niwe mwandishi mkuu, jina langu litangulie lake kwenye kila kipindi. Kasema bila mimi hawezi. Mke wangu kanisihi nikubali, kesho niende nikamwambie Bosi ukweli, yaishe. Ahaa! Tangu lini hawa wawili wana kauli moja? Mimi si mtoto mdogo. Nimekubali, lakini kwa ujanja wangu. Tangu mchana nimejifungia chumbani naandika hadithi mbovu kupindukia, haina kichwa wala miguu, imwangushe mara moja. Nimefika ukurasa wa tisa. Juu kabisa nimeandika jina la Miwani, kwa herufi kubwa.