Notisi Mlangoni, Mlango Stoo

Asubuhi ile Kifungu aliingia kijiweni kainua gazeti juu kama nahodha aliyebeba kombe. Huyu alifagia mahakamani miaka minne, na tangu hapo sheria zote anazo kichwani, hata zile ambazo hazijatungwa.

"Jamani, kimeumana! 'Mwenye nyumba agonga mwamba kwenye rufaa.' Mnajua ni nani? Mzee Kufuli wetu!"

Kahawa ilinipalia. Mzee Kufuli na mpangaji wake Pindo, fundi cherehani, wote ni watu wa benchi letu. Miaka mitatu wanaburuzana kortini, na wakitoka huko wanakuja hapa, mmoja ncha hii, mwingine ncha ile, sisi katikati kama ukuta wa mpaka.

"Kashindwaje?" akauliza Mama Buli, muuza kahawa wetu. "Si kule chini alishinda?"

"Alishinda kwa notisi. Alisema aliibandika mlangoni kwa Pindo, kwamba ahame, chumba anakitaka mwenyewe. Sasa majaji wa rufaa wameuliza swali moja tu: mlango upi?"

"Wa Pindo, si huo huo?"

"Pindo hakuwa na mlango! Kufuli aliung'oa wiki moja kabla, ili baridi imhamishe mtu. Akaufungia stoo kwake. Kisha akaingia humo stoo na gundi, akaibandika notisi!"

Tulicheka hadi mguu mmoja wa benchi ukalia.

"Kwa hiyo kajipa notisi mwenyewe," nikasema.

"Ndivyo walivyosema majaji! Kwamba kisheria, anayetakiwa kuhama ni Mzee Kufuli."

"Muongo wewe! Hilo la mwisho umeliongeza."

"Sijaongeza, Mama Buli. Nimefafanua."

"Na Pindo aliishije bila mlango?" nikauliza.

"Fundi yule, bwana! Alishona mlango wa turubai, akautia zipu. Ukibisha hodi, unasikia zzzip, kichwa kinachungulia."

Kicheko kikakatika ghafla. Mzee Kufuli alikuwa anakuja, fimbo inatangulia, mdomo kaufunga. Akakaa kwenye ncha yake.

"Pole, Mzee," Mama Buli akamwambia, akimmiminia.

"Pole ya nini? Asiyekubali kushindwa si mshindani. Nakata tena! Nakwenda juu zaidi!"

"Juu ya pale, Mzee, kabaki Mungu," Kifungu akasema.

"Basi na Yeye apange tarehe!"

Hapo akatokea Pindo, futi kaining'iniza shingoni. Tukampa hongera, akazipokea kwa kichwa tu. Halafu akafanya jambo ambalo hatukuwahi kuliona: akapita ncha yake, akaenda kukaa bega kwa bega na Mzee Kufuli.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mpangaji sugu."

"Nimekuja kukuaga. Nahama Jumamosi."

Mzee Kufuli akaruka. "Unahama? Kwani nani kakufukuza?"

"Hakuna, Mzee. Ndiyo maana nahama." Pindo akashusha sauti. "Uliponitaka nitoke, mama yangu alikuwa kalala mle ndani, hata kuketi hawezi. Ningembeba nimpeleke wapi? Nikaapa sitatoka mle na mama mgongoni. Sasa kapona. Juzi kafua mwenyewe, jana dada kamchukua. Chumba kimekuwa kikubwa, Mzee. Nakisikia usiku."

Mzee Kufuli alikiangalia kikombe chake kama kina maandishi.

"Mama yako alikuwa mgonjwa? Mbona hukusema kortini?"

"Nilisema. Wakili wako akasimama akapinga."

"Mimi nilikuwa wapi?"

"Ulikuwa umesinzia, Mzee. Nilitaka kukuamsha, askari akanikataza."

Mzee akajikuna kidevu, akakohoa kikohozi kisichokuwepo. Kisha akamshika Pindo mkono, na sauti ikamtoka laini, ya baba kwa mwana.

"Mwanangu, nisamehe. Lakini Jumamosi usihame."

"Kwa nini, Mzee?"

"Kesi nimeifufua asubuhi hii. Wakili keshaandika kurasa arobaini! Ukihama, mimi nitamfukuza nani?"

Pindo akasimama, akalikung'uta vumbi la suruali.

"Nimeshaamua, Mzee. Kama hukuridhika, kata rufaa."