Leseni ya Baba na Mimi Chini ya Meza

Nimeaibika leo. Hata nguvu ya kulia sina.

Baba yangu huweka na kurekebisha ile mifumo ya maji ya kunyunyizia nyasi za watu wenye nyasi. (Yetu hapa Germantown, Maryland, inatosha mkeka wa mlangoni.) Kazi hiyo inataka leseni ya jimbo. Kuipata kulikuwa kilio. Kuitunza, kumbe, ni matanga kabisa: ikikaribia kuisha lazima usome tena darasa la mtandaoni, na mwishoni mwalimu anakuuliza swali kwa mdomo. Ukianguka, leseni inalala. Ikilala, Baba haruhusiwi kugusa bomba la mtu, na msimu ndio huu umeanza.

Mama, ambaye hutunza wazee, alishamwonya: "Baba Shiru, ukiikosa, utakuja tubadilishe nepi pamoja."

Baba kazi anaijua. Shida ni mtihani. Akiulizwa swali rasmi, hata jina lake analitaja kwa wasiwasi. Kwa hivyo asubuhi akaniita.

"Shiru, mami, ingia chini ya meza na kitabu. Nikikwama, niambie kwa Kiswahili."

"Na mwalimu akisikia?"

"Si ni Mmarekani? Atadhani naomba Mungu."

Aki, mpango ulionekana mzuri. Nikaingia na kofia yangu ya kulalia, kitambaa cha meza cha Mama kikanifunika. Sheria ya darasa: kamera na maikrofoni ziwe wazi muda wote, wasije wakadhani umeenda kulala. (Mimi ndiye niliyelala. Mara mbili.)

Nilipochoka na giza nikainua kitambaa kidogo. Nyuma ya kiti cha Baba kuna kabati la vyombo, lile ambalo vyombo vyake havijawahi kutumiwa, na kioo chake kilinionyesha kompyuta ya Baba na darasa zima. Mwalimu: mama Mweusi wa makamo, miwani, wigi la kahawia. Wanafunzi: wanaume waliochoka. Mmoja alikuwa amefunika uso kwa kofia, mabega yakitetemeka. Nikadhani analia. Somo lenyewe linaliza.

"Baba, huyu mama anasoma kama anatangaza kifo."

Baba akanikanyaga vidole.

"Na hilo wigi, amelivaa ama limetua tu?"

Yule wa kofia akaanguka kutoka kwenye picha. Maskini, nikasema, huzuni imemzidi.

Zamu ya Baba ikafika. Mwalimu akauliza kwa Kiingereza: baridi imeisha, mteja anataka maji kwenye nyasi, utafanya nini kwanza?

Baba, ambaye amefanya jambo hilo wiki nzima, akaganda. Goti lake likanigonga. Nikafungua kitabu gizani.

"Funga maji!" nikanong'ona.

"Nafunga maji," akasema Baba.

"Mwaga yote yaliyobaki kwenye mabomba!"

"Namwaga yote yaliyobaki."

"Mwambie mteja mtaonana mwakani!"

Baba akavuta pumzi. "Namwambia mteja..."

"Subiri, mzee wangu," ikasema sauti ya mwalimu. Kwa Kiswahili. Kilichonyooka, kile cha taarifa ya habari. "Huyo aliye chini ya meza anakusomea ukurasa wa kufunga mfumo kabla ya baridi. Mwambie atoke, tunamwona kwenye kioo cha kabati."

Wueh! Kumbe kioo kinachokuonyesha watu kinawaonyesha watu wewe. (Na fizikia nilipata A.)

Nikainuka ghafla. Kichwa kikapiga meza. Kompyuta ikaanguka kifudifudi, Baba akaiokota, na uso wangu na ile kofia vikajaza darasa.

"Shikamoo," nikasema. Sijui ni nani ndani yangu aliyesema.

"Marahaba, mwanangu. Nilifundisha Morogoro kabla hujazaliwa. Na wigi nimelivaa."

Yule wa kofia akashindwa kabisa kuzuia kicheko. "Mimi ni wa Lubumbashi, maman! Tangu asubuhi nakufa! Usimfukuze, huyu mtoto ni radio!"

Baba hakucheka. Alikuwa anatazama mikono yake. "Madam, samahani," akasema. "Bila hiyo leseni sina kazi."

Mwalimu hakumpitisha leo. Jumamosi ijayo arudie kipindi chote, swali jipya, kwa mdomo wake mwenyewe. Baba akashukuru mpaka nikaona haya upya.

"Na huyo msaidizi," akaongeza mwalimu, "naye aketi hapo, kamera ikimwona. Nitamuuliza pia."

Kwa hivyo Jumamosi yangu yote ni ya mabomba. Mama ameshaambiwa, ameshawapigia shangazi watatu. Nanyi kama lazima mnicheke, tafuteni lugha isiyoeleweka na mtu hapa Maryland. Mimi nimeitafuta, nikaikosa.