Ustadh Ghayur Atokea Kwenye Televisheni ya Kabirganj

Mheshimiwa Waziri wa Habari, Nawabzada Tanvir Sahib, nuru ya macho yetu, Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya, waheshimiwa wenye mashamba, wenye viwanda na wenye subira, wazee wa Kabirganj, mama zetu mlioko nyuma ya pazia, na wewe Dai Sakina, mkunga wetu, uliyekataa kuketi (sauti: "Nitaketi nikirudishiwa zahanati yangu! Jana nimezalisha kwenye zizi la ng'ombe!"), asalaam aleikum.

Kwa mujibu wa Mpango wa Maendeleo, na baada ya mchakato shirikishi ambamo mimi, Iqtidar Qidwai, Naibu Mkurugenzi Msaidizi wa Utazamaji wa Pamoja, nilishirikiana kwa karibu na mimi mwenyewe, tulikitwaa chumba cha zahanati ili kusimika miundombinu ya televisheni, na leo, katika mwaka huu wa 1966, utekelezaji umefikia asilimia mia moja na nne (makofi, Waziri anaitikia kwa kichwa). Mheshimiwa ametamka: akiiona inafanya kazi, chumba ni chetu daima, la sivyo, mkunga anarudishiwa leo hii. Basi na aione! Kutoka Lahore, maili mia mbili, bila waya hata mmoja, mshairi kipenzi cha taifa, Ustadh Ghayur, anawatokea yeye mwenyewe, si mwigizaji wala picha ya kuchora! Fungueni pazia la televisheni!

(Nyuma ya kioo, Ustadh anasalimu na kusoma beti. Umati: "Wah! Wah!")

Mnaona ung'avu huo? Rangi kamili, ndugu zangu, wakati Lahore wenyewe wanahangaika na nyeusi na nyeupe!

(Umati, kwa desturi ya vikao vya mashairi: "Rudia, Ustadh! Rudia!" Ustadh anaweka mkono kifuani, anainama, anarudia.)

Hiyo... hiyo inaitwa teknolojia sikivu. (Mzee mmoja: "Ustadh, mbona umekonda?" Ustadh: "Tangu alfajiri sijatia hata tambuu mdomoni, kaka!") Sikivu mno. (Dai Sakina anapenyeza tambuu pembeni mwa kioo. Ustadh anaipokea: "Mungu akuzidishie, dada." Kicheko. Waziri anavua miwani.)

Mheshimiwa, usisimame! Takwimu zinaonyesha kwamba asilimia tisini ya televisheni zote duniani huanza na mtu. Antena ni awamu ya pili, umeme ni awamu ya tatu, na mimi ni awamu zote! Televisheni zindabad, idumu milele! (Umati: "Zahanati zindabad!") Qidwai zindabad! (Mbuzi peke yake anaitikia.)

Kwa kumalizia, namshukuru Mheshimiwa kwa jicho lake kali. Namshukuru Jumman seremala, aliyenijengea televisheni nzima kwa dirisha moja la zamani na gundi. Namshukuru Ustadh kwa kukaa amejikunja. Na zaidi ya wote nakushukuru wewe, Dai Sakina, kwa kabati lako la dawa, ambalo sikukuomba. Haya, mama, shika ufunguo wa zahanati. Ustadh, toka polepole, usivunje chupa zake, bado ziko hapo chini ya miguu yako.