Maiti Aliyeomba Radhi

Jumatatu, 3 Novemba

Mvua. Wakala wangu, Doreen, kapiga simu. Mfululizo wa televisheni wa polisi wa Chicago, unaorekodiwa hapa hapa Burnaby, unatafuta wa kuigiza jaji. Vipindi kumi na vitatu! Usaili Ijumaa. Kwa miaka thelathini na moja nimekuwa sherifu, padri, balozi wa Urusi, daktari wa farasi, na maiti mara kumi na tisa. Uso wangu unajulikana Kanada nzima. Jina langu halijui hata daktari wangu wa meno, huniita Lloyd. Nikiwa jaji, ataniita Wendell Tkachuk.

Mfululizo huohuo unataka maiti keshokutwa. Doreen kanionya nisiiguse kazi hiyo: uso ukishakufa katika mfululizo, haurudi tena kuhukumu watu. Lakini maandishi nimeyasoma. Maiti kafunikwa shuka, inaonekana miguu tu. Mtaka cha uvunguni sharti ainame. Mimi nitalala kabisa. Mwongozaji ataona nidhamu yangu Jumatano, uso wangu Ijumaa. Nimekubali kimyakimya.

Jumanne, 4 Novemba

Mazoezi ya kutopumua, juu ya meza ya jikoni. Dada yangu Oksana kaja na perogi, sambusa zetu za kuchemsha, kanikuta, kaweka sahani kifuani pangu, kauliza kama marehemu anakula na kitunguu. Anakula.

Jumatano, 5 Novemba

Daktari wa kupasua maiti ni nani? Lorne Beaudry! Hasimu wangu tangu aliponipokonya nafasi ya meya. Kavaa barakoa, kofia hadi kwenye nyusi. Nikaelewa papo hapo: naye anaficha uso kwa ajili ya Ijumaa. Hana haya.

Kamera zikaanza. Lorne akanigonga kidole gumba cha mguu kwa kitoroli cha visu. Nikasema samahani. Sikukusudia. Nimelelewa Saskatchewan, na kwetu aliyegongwa ndiye anayeanza kuomba radhi. Lorne naye akaomba radhi. Mpiga picha akatuomba radhi sote wawili. Mwongozaji, Bi. Ostrander, mtu wa Los Angeles, akauliza ni nani anayeongea, na kwa nini ni marehemu.

Tukarudia. Akanigonga tena, safari hii makusudi, naapa. Samahani. Mara sita! Bi. Ostrander akasema maiti wa Chicago hawana adabu kiasi hicho. Mara ya saba wakaleta miguu ya plastiki. Nimeona aibu sana.

Alhamisi, 6 Novemba

Doreen kajua. Kasema sikio la kufa halisikii dawa. Nikamjibu kwamba iliyokufa ni miguu, sikio halikuonekana.

Ijumaa, 7 Novemba

Bi. Ostrander hakunitambua; hajawahi kuniona kuanzia kifundo cha mguu kwenda juu. Nikasoma kwa sauti nzito. Msaidizi wake akafuta chozi. Kazi ilikuwa yangu, niliihisi. Ikabaki kumhukumu muuaji, bwana mmoja mpole wa Kamloops aliyeletwa kuigiza nami. Nikagonga nyundo. Nikasema: kifungo cha maisha, samahani.

Bi. Ostrander akainua kichwa polepole. Akaniomba nivue viatu.

Jumamosi, 8 Novemba

Ujaji kapewa Lorne. Kanipigia kuniomba radhi. Nikamwomba radhi kwa kumfanya aombe radhi. Dakika ishirini, kila mmoja akiona vibaya kutangulia kukata simu. Baadaye nililia kidogo, nikamaliza perogi.

Jioni Doreen tena. Jumanne wanataka maiti anayeelea ziwani, kifudifudi. Kanisihi nikatae: kasema, Wendell bwana, kaa nyumbani, kuna tangazo la jibini wiki ijayo, utakuwa hai.

Nimekubali maiti. Uso utakuwa majini, hakuna wa kuniona, na jaji anaweza kuugua wakati wowote. Nimejaza maji beseni la kuogea, nikafanya mazoezi kifudifudi. Nimesema samahani mara tatu. Yametoka mapovu tu.