Maji ya Fernand

Siku Fernand Castelli alipogundua kwamba bima ya nyumba hulipa fidia bomba likipasuka, alilitazama zulia lake kuukuu, lililotobolewa na sigara kila kona, akalionea huruma. Akashika spana, akajikunja chini ya sinki, akalegeza nati. Maji hayakusubiri kuambiwa mara ya pili.

Punde mlango ukagongwa. Alikuwa jirani wa ghorofa iliyo chini yake, Bibi Zénobie, mjane mwenye sauti inayosikika jiji zima la Marseille, nywele zikimchuruzika maji.

"We Fernand! Umefungulia bahari huko juu?"

"Taratibu, bibi yangu. Hii ni neema. Mkaguzi wa bima akija, mimi napata zulia la Kiajemi, na wewe nakununulia chupa ya pastisi, pombe unayoipenda."

Bibi Zénobie akamkazia macho, kisha akatabasamu.

"Haya. Ila ukisema bomba limepasuka leo, atakuona mwongo. Sema linavuja tangu wakati wa baridi. Na ulie kidogo. Watu wa bima nao wana roho."

Fernand, aliyewahi kumuuzia padri kengele ya kanisa lake mwenyewe, aliona wivu kwamba wazo hilo halikutoka kwake.

Mkaguzi, Solange Tasso, alipofika kesho yake amevaa mabuti ya mvua, Fernand akaangua kilio cha msibani.

"Miezi linavuja, mama! Nalala nalisikia, naamka nalisikia!"

"Na hukuita fundi?"

"Ningeita kwa moyo gani?"

"Pole. Bima yako inalipa bomba lililopasuka ghafla. Linalovuja miezi mwenyewe ukisikiliza, huo ni uzembe. Wewe hupati kitu."

Machozi ya Fernand yakakauka hapo hapo.

"Ila jirani yako hana kosa," Solange akaendelea. "Yeye bima yako itamlipa."

Wakashuka. Chini ya dari lililolowa, Bibi Zénobie alikuwa amerundika kochi lililovunjika mguu, televisheni ya enzi za babu, magodoro matatu na kinanda.

"Vyote vilikuwa hapa?" Solange akauliza.

"Nyumba yenyewe ndogo, mwanangu."

Mkaguzi alipoondoka, Fernand akafoka, "Umenimaliza! Nani kakufundisha?"

"Marehemu mume wangu. Aliuza bima maisha yake yote."

Kochi jipya lilipoletwa, lifti ilikuwa mbovu, na aliyelipandisha ngazi, jasho likimtiririka, ni Fernand. Bibi Zénobie akampa glasi ya maji.

"Kanywee nje, jirani," akasema. "Usije ukanimwagia."