Ombi la Kung'oa Ukurasa Mmoja Kwenye Kitabu cha Namba za Magonjwa

Kwa Mwenyekiti,
Kamati ya Kitabu cha Namba za Magonjwa.

YAH: NAMBA C84.02, LIMFOMA YA NGOZI ILIYOFIKA KWENYE TEZI ZA KIFUANI

Ndugu Mwenyekiti,

Natumaini barua hii inakukuta mzima, ngozi na kifua. Mimi ni karani wa kumbukumbu katika hospitali kubwa, dirisha namba tatu, mwaka wa ishirini na mbili sasa. Kazi yangu ni kusoma alichoandika daktari, jambo ambalo peke yake linastahili nishani, kisha kutafuta kwenye kitabu chenu namba ya ugonjwa huo na kuiingiza kwenye faili na kwenye kompyuta. Namba yangu ndiyo inayosomwa na maabara, wodi na dirisha la dawa. Bila namba, mgonjwa wetu ni mtu tu aliyekaa kwenye benchi.

Natamka mapema kwamba nina maslahi. Faili ninalolilalamikia ni la dada yangu wa tumbo moja, fundi cherehani, ambaye tangu mama alipotutoka ndiye aliyenilea na kunisomesha mpaka nikaweza kukisoma kitabu chenu. Picha ya kifua imerudi, kipande cha tezi kimepimwa, na daktari ameandika, kwa mwandiko unaosomeka kabisa, jambo lililonishtua, kwamba limfoma iliyoanzia kwenye ngozi imefika kwenye tezi za kifuani. Natakiwa niandike C84.02. Sijaandika. Faili liko kwenye droo yangu, leo siku ya tisa, na sababu zangu ni hizi.

1. Ugonjwa umewekwa kwenye sura isiyo yake. Kwa miaka sita dada alijikuna. Alianza na baka moja kiunoni, kubwa kama kifungo cha koti, akapewa mafuta. Likaja la pili, akapewa mafuta mengine. Shangazi akamwambia abadili sabuni, shemeji akalaumu maji ya bomba, na mimi, mtu wa hospitali, nikamwambia aachane na vitambaa vya nailoni. Sote tulikuwa na uhakika. Kwa hiyo nilipopata faili nilikwenda moja kwa moja kwenye sura ya ngozi. Nimekuta majipu, chunusi, ukurutu, hata ukucha ulioota kuelekea ndani. Wa dada haumo. Mmeuweka kwenye sura ya saratani. Sisi tulishazoea kuwa watu wa mafuta ya kupaka, Ndugu Mwenyekiti. Naomba urudishwe kwa wenzake.

2. Jina la kitaalamu mlilolichapa limetokana na uyoga. Nimeuliza, nikaelezwa kwamba daktari mmoja wa zamani aliona vivimbe vikamkumbusha uyoga, basi jina likaganda. Uyoga wenyewe hauhusiki kabisa, fangasi haihusiki, na dada, kwa taarifa ya kamati, uyoga hali. Alipoelezwa habari hii alimuuliza daktari wa ngozi mavuno yatakuwa lini. Daktari hakucheka, na ni mtu anayecheka hovyo. Hapo ndipo nilipoanza kuwa na wasiwasi.

3. Uhamisho haukufuata utaratibu. Kliniki ya ngozi iko chumba namba sita, ghorofa ya chini. Kliniki ya kifua iko ghorofa ya tatu, mwisho wa korido, nyuma ya mlango ambao ufunguo wake anao muuguzi mmoja, na muuguzi huyo yuko kwenye kikao. Kulihamisha faili kutoka huku kwenda kule kunahitaji fomu mbili, sahihi tatu na, kwa wastani nilioupiga mwenyewe, siku kumi na moja. Sasa naambiwa ugonjwa umetoka kwenye ngozi ukafika kifuani bila fomu, bila sahihi, bila hata kumsalimia mlinzi. Nimekagua daftari la kupokea na kutoa, ukurasa kwa ukurasa. Haumo. Kama karani siwezi kupokea kitu kilichoingia kwa mlango wa nyuma.

4. Kitabu kinajali visivyo na maana. Mna namba ya mtu aliyeng'atwa na kasuku. Mna namba ya mtu aliyedonolewa na kuku, na nyingine, tofauti kabisa, ya aliyedonolewa na bata mzinga. Lakini nimetafuta namba ya mwanamke aliyeacha shule akiwa na miaka kumi na sita ili wadogo zake watatu wabaki darasani, akashona sare zao kwa vipande vya mapazia, na mpaka leo akimwona mdogo wake wa mwisho anamkagua kola kwanza ndipo amsalimie. Namba hiyo hamna. Mmempa herufi moja na tarakimu nne zinazosema kifua, basi. Mimi nikiuona mstari huo naona mmemwandika mtu mwingine.

5. Namba inaharibu tabia za watu hata kabla haijaandikwa. Habari zimevuja, sijui kwa nani, labda kwangu. Shangazi, aliyekuwa akimfuata dada kuhusu gauni lake tangu mwaka jana na kumwita mwongo mbele ya wateja, sasa anasema gauni halina haraka. Shemeji anaosha vyombo bila kuambiwa, na anaviosha vibaya, na dada anaogopa kumwambia. Mimi mwenyewe juzi nilikiri kwamba ndiye niliyevunja gurudumu la cherehani tukiwa wadogo. Sikulivunja mimi. Dada akasema ugonjwa anauweza, asichokiweza ni kukubaliwa kila kitu.

6. Na hii ndiyo hoja yangu kubwa. Sheria ya kwanza tuliyofundishwa chuoni ni kwamba jambo lisiloandikwa kwenye faili halijafanyika. Kidonda kikisafishwa kisiandikwe, hakijasafishwa. Nimewahi kumkatalia muuguzi sindano aliyomchoma mgonjwa mbele ya macho yangu, kwa kuwa hakuiandika. Kwa miaka ishirini na miwili nimeitumikia sheria hii bila upendeleo, na sasa nimeona siyo vibaya ikinitumikia na mimi kidogo. Maadamu sijaandika, tezi za kifuani za dada yangu ni nzima. Siku tisa zimepita na hakuna karatasi hata moja ndani ya jengo hili inayonipinga.

7. Naogopa. Nimeliweka hili kwenye orodha kwa sababu sikuona pengine pa kuliweka.

Kwa hiyo naomba mambo matatu. Kwanza, ukurasa wote unaoanza na C84.0 ung'olewe kwenye kila nakala ya kitabu, popote ilipo. Pili, mpaka hapo, makarani wote waagizwe kuweka kalamu chini wanapofika kwenye tezi za mtu. Tatu, niletewe barua yenye mhuri wa kamati ikithibitisha kwamba tezi za dada hazikuwahi kuhusika na jambo lolote. Nitaibandika juu ya cherehani yake, ambako anabandika vipimo vya wateja.

Nimalizie hapo nisije nikakuchosha, maana najua mna magonjwa mengi ya kushughulikia. Nisalimie wajumbe wote, mchapaji wenu mwenye herufi ndogo ndogo, na hasa yule aliyekaa chini akatenganisha kuku na bata mzinga. Shangazi na shemeji wanawasalimu. Dada naye angewasalimu kama angejua nawaandikia.

Wako katika utunzaji wa kumbukumbu,
Karani, Dirisha Namba Tatu.

Baada ya sahihi: Bahasha sijaifunga, na mambo yamebadilika. Leo saa tatu asubuhi dada amekuja dirishani kwangu. Hakupita pembeni kama ndugu. Alikaa foleni nyuma ya watu saba. Alikuwa anatoka dirisha la dawa, mara ya tatu ndani ya siku hizi tisa. Dawa yake mpya ya dripu iko kwenye friji, imebandikwa jina lake, lakini kompyuta haiitoi bila namba, na ameambiwa akamuulize karani anayehusika. Sikuwa nimelifikiria hilo. Kwamba namba yangu ndiyo inayosomwa na dirisha la dawa nimekuandikia mwenyewe, aya ya kwanza.

Barua ilikuwa juu ya meza. Ameisoma yote akiwa amesimama, watu wanakohoa nyuma yake, akasahihisha mahali pawili na kufuta habari za gurudumu, nikazirudisha. Kisha akasema, "Andika, mdogo wangu. Mwenye kifua ni mimi." Nikamfungulia kitabu aone ukurasa ninaoupinga. Akashusha kidole mstari kwa mstari, kama anavyokagua mshono, mpaka chini kabisa, akakigeuza kitabu kunielekea. Mwisho wa orodha ile ile, baada ya tezi zote, mmeweka namba inayoishia na herufi A, ya mgonjwa ambaye ugonjwa wake umetulia. Mimi siku tisa nilikuwa nimeishia mstari wa tatu, ingawa mwezi uliopita nilisaini kwamba toleo hili jipya nimelisoma lote.

C84.02 nimeiandika saa tatu na dakika arobaini. Saa sita dripu ilikuwa inashuka, na dada anamfundisha shemeji, kwa sauti ya wodi nzima kusikia, namna ya kuosha sufuria.

Naomba maombi yangu yote matatu yafutwe. Ukurasa huo msiuguse. Nimeukunja kona, kinyume cha kanuni, kwa kuwa nitauhitaji tena, na siku hiyo faili halitalala kwenye droo.